Saa ya Amana

Saa ninayotaka kuieleza si yangu. Ni Roamer ya kujaza kwa mkono, uso wake umeingia manjano, na kioo kina mkwaruzo karibu na saa nne. Mwaka 1979 mwanamume mmoja aliiweka juu ya meza ya baba yangu, fundi saa wa barazani Ngamiani, Tanga, akasema ataipitia Ijumaa baada ya swala. Hakuipitia. Baba alikuwa ameshaimaliza: kamani mpya, magurudumu yameoshwa kwa petroli, mafuta yametiwa tone kwa tone kwa ncha ya sindano. Ijumaa ile ikapita, ikaja nyingine, ikaja Ramadhani, mwaka ukageuka. Na kila siku, akishaswali alfajiri, kabla hajagusa chai, baba alifungua droo, akaitoa saa ya yule bwana, akaijaza, akaiweka sikioni kidogo, akairudisha. Aliendelea hivyo mpaka mauti yalipomkuta mwaka 1998.

Nilimuuliza siku moja, nikiwa na miaka kumi hivi: "Baba, si uliijaza jana?"

"Jana niliijaza," akasema. "Leo bado."

Nililichukulia jibu hilo kama la mtu asiyetaka kusumbuliwa kazini. Limenirudia Ramadhani iliyopita, na kilicholiamsha ni filamu.

Mtoto wa kaka yangu anasoma chuo, na alikuja kufunga nyumbani. Usiku halali, baada ya tarawehe hukaa sebuleni na kompyuta yake mpaka daku. "Shangazi," akaniita, "wewe mwalimu wa fizikia, njoo uone hii uniambie kama inawezekana." Akanionyesha sehemu moja ya Star Trek: The Next Generation, iitwayo "Cause and Effect". Ilirushwa Marekani Machi 1992. Mwandishi wake ni Brannon Braga. Inaanza kwa chombo cha anga, Enterprise, kulipuka na watu wote waliomo, hata majina ya waigizaji hayajapita. Halafu tunawakuta wazima. Maofisa wanacheza karata. Daktari, Beverly Crusher, anaingia kulala, anasikia minong'ono gizani, gilasi yake inaanguka na kuvunjika. Asubuhi wanakaa kikao. Baadaye nafasi iliyo mbele yao inapasuka kama kitambaa, kinatokeza chombo kingine, vinagongana, wanakufa. Kisha karata tena. Minong'ono. Gilasi. Kikao. Mgongano. Karata. Wenyewe hawajui.

Mtoto aliita jambo hilo kitanzi cha wakati. Sijapata neno zuri zaidi, maana kitanzi hukaza kadiri aliyenaswa anavyohangaika.

Kilichonikalisha mpaka mwisho ni kwamba wale watu hawakimbilii uchawi. Wanachunguza. Daktari anaanza kuzijua karata kabla hazijafunuliwa. Badala ya kunyamaza kwa aibu, anawaambia wenzake. Anairekodi ile minong'ono. Data, yule mtu wa mashine, anaichambua na kukuta ni sauti zaidi ya 1,000, na zote ni zao wenyewe: amri walizotoa na vilio walivyotoa katika siku ambazo hawakumbuki kuziishi. Mhandisi La Forge anakisia kwamba wamenaswa, na kwamba hawana njia ya kujua kama hii ni mara yao ya pili au ya mia. Basi wanatafuta kitu kidogo kinachoweza kuvuka kutoka siku hii kwenda siku hii. Wanampa Data ujumbe mfupi, na katika mzunguko unaofuata namba 3 inaanza kujitokeza kila mahali, kwenye karata, kwenye mitambo. Dakika ya mwisho, vyombo vikikaribia kugongana, Data anaona vifungo vitatu vya cheo shingoni kwa Riker, msaidizi wa nahodha. Anaelewa kwamba shauri lake mwenyewe ndilo lililokuwa likiwaua. Anafuata shauri la Riker: kufungua banda la vyombo vidogo, hewa itoke kwa nguvu iwasukume pembeni. Wanapona.

Halafu wanafanya jambo ambalo, kwangu mimi niliyekulia miguuni pa fundi saa, lilikuwa zuri kupita mlipuko wowote. Wanauliza saa kwa kituo cha nje. Saa zao zote zinakubaliana, hakuna hata moja yenye kasoro, na zote ziko nyuma siku 17.4. Chombo kile kingine, Bozeman, kina nahodha anayedhani ni mwaka 2278. Imeshapita miaka 90. Niliwakumbuka vijana wa pangoni katika Qur'ani, walioamka na kudhani wamelala siku moja au sehemu ya siku, wakamtuma mwenzao mjini na fedha ya mfalme aliyekwisha kusahaulika.

"Ungekuwa wewe, Shangazi," mtoto akaniuliza akifunga kompyuta, "ungerudi siku gani?"

Nilimwambia akapashe moto uji. Siku yenyewe niliijua papo hapo.

Ni Jumapili ya mwaka 1982. Baba alikwenda Pangani msibani, akalala huko siku mbili. Jumamosi asubuhi, kabla ya kuondoka, aliijaza Roamer mbele yangu akaniambia kesho yake niijaze mimi. Nilikuwa na miaka kumi na miwili na mkono wangu ulijua kazi hiyo. Jumapili kulikuwa na arusi barabara ya pili kutoka kwetu, na tangu asubuhi wasichana wenzangu walikuwa wanapita kuniita. Sitasema nilisahau. Nilisimama mbele ya droo. Nikasema nitaijaza nikirudi, nikatoka, na niliporudi usiku nilikuwa nimechoka na nimeshiba pilau. Saa kama ile ikijazwa kamili huenda saa 36, ikiwa njema 40. Jumatatu nilipofungua droo niliikuta imesimama kwenye saa tatu na robo. Nikaijaza, nikairekebisha mishale kwa saa ya ukutani, nikaitikisa, ikaenda. Alasiri baba aliporudi aliniuliza, "Umeijaza?" Nikasema, "Nimeijaza, baba, siku zote mbili."

Ni jambo dogo, najua. Hakuna aliyeumia, mwenye saa hakuwapo, na saa ilikuwa inakwenda. Lakini mtu akiniuliza nirudi siku gani, mguu wangu unakwenda wenyewe mbele ya droo ile.

Basi nililichukua swali la mtoto kama ninavyochukua mtihani, nikajiuliza kwa makini: kurudi kungenifaa nini?

Katika Sura Al-Mu'minun yupo mtu anayefikiwa na mauti akaomba arudishwe ili atende mema aliyoyaacha, na jibu ni hapana. Nilipoisoma chuoni kwa maalimu, nikiwa mtoto, nilimwonea huruma mtu huyo, nikaona amenyimwa kitu kidogo sana. Katika Al-An'am jambo limekwenda mbali zaidi: wanaotamani kurudishwa wanaambiwa kwamba hata wangerudishwa, wangerejea yale yale waliyokatazwa. Sidai kufasiri, wenye elimu hiyo wapo. Nasema tu kwamba miaka 27 ya kufundisha fizikia imenifanya niisome aya hiyo kwa mshtuko. Darasani huwaambia wanafunzi: ukiachia mpira ule ule, kutoka kimo kile kile, bila kubadili chochote, usitazamie uanguke kwingine. Ukinirudisha Jumapili ile pamoja na vyote vilivyokuwapo, lazima unirudishe na mimi niliyekuwapo: miaka kumi na miwili, hamu ya arusi, sauti za wenzangu nje. Nitasimama mbele ya droo. Nitasema nitaijaza nikirudi. Watu wa Enterprise walikufa namna moja kila mara, na hawakuwa wajinga. Kila mara walikuwa wale wale.

Mtu atasema: basi urudi ukiwa unakumbuka. Hapo kuna filamu nyingine, ambayo wengi wanaijua kuliko hiyo ya anga: Groundhog Day ya 1993, iliyoongozwa na Harold Ramis. Bill Murray ni mtangazaji wa hali ya hewa, Phil Connors, aliyekwenda mji mdogo wa Punxsutawney, Pennsylvania, na kila akiamka ni tarehe 2 Februari. Wote wanasahau isipokuwa yeye. Watu huisifu kwa sababu Phil anaanza mtu mbaya na kumaliza mtu mwema: anajifunza piano, anamdaka mtoto anayeanguka mtini, anajua nani atapasukiwa tairi na wapi. Kuna mzee fukara ambaye kila usiku anakufa, na Phil anajaribu kumlisha, kumtia joto, kumpulizia pumzi, na mzee anakufa. Sehemu hiyo imenitoa machozi na sioni haya kusema.

Lakini mimi nilikwama kwa Nancy. Nancy ni mwanamke ambaye Phil anamkuta mgahawani. Anamuuliza jina, shule aliyosoma, mwalimu wake wa Kiingereza. Mwanamke anajibu kwa adabu. "Kesho yake", ambayo kwa Nancy ni leo ile ile, Phil anamjia kama mtu waliyesoma pamoja, anayajua yote, na kwa hila hiyo anampata. Siku inafutika. Nancy anaamka hana kumbukumbu ya kudanganywa, na kwa kalenda yake hajawahi kudanganywa. Filamu inampita haraka, iendelee na safari ya Phil kuelekea wema. Mimi sikuweza kumpita.

Toba tuliyofundishwa ina masharti: kuacha dhambi, kuijutia, kuazimia kutoirudia. Na ikiwa umegusa haki ya mja mwenzako kuna sharti la nne, umrudishie haki yake au umtake radhi. Matatu ya kwanza Phil anayaweza. La nne linamshinda kabisa, tena si kwa kiburi. Akimwendea Nancy akamwambia, "Nisamehe, nilikudanganya," Nancy atamjibu kwa ukweli wote, "Sikujui." Radhi itaombwa kwa nani? Aliyedhulumiwa yupo mbele yake, mzima, anatabasamu, na hata hivyo hayupo. Mtu pekee duniani anayejua dhulma ilitendeka ni dhalimu mwenyewe, na kila alfajiri ushahidi wote unafagiliwa.

Sisi tunakiwazia kitanzi kama rehema, nafasi juu ya nafasi. Mimi nilipofika kwa Nancy niliona kinaufunga mlango ule ule tuliodhani kinaufungua. Ili nimtake mtu radhi, siku niliyomkosea lazima iwe ipo bado mahali fulani, yake na yangu, sote tuweze kuinyooshea kidole. Siku iliyofutwa haiombewi msamaha. Dhambi inabaki kwa aliyeitenda, haina pa kulipiwa.

Kuna watakaosema kwamba siku iliyofutika haikuwa siku, kwa hiyo ndani yake hakuna kosa. Nimelipima neno hilo kwa uaminifu na silikubali. Nancy wa siku ile alikuwa na masikio yaliyosikia uongo na moyo ulioamini. Wale watu 1,000 wa Enterprise walilipuka kweli, na kelele zao zilibaki ukutani mwa chumba cha daktari. Kusahau kwa aliyekosewa hakurudi nyuma kukapangusa tendo. Mtu akimwibia aliyelala, amemwibia.

Wanafalsafa wamelizunguka jambo hili kwa karne nyingi. Kwa vile mimi ni mtoto wa fundi, ninaowapenda ni wale waliolifungua na kuangalia magurudumu. Agosti 1881, Friedrich Nietzsche alikuwa anatembea kando ya ziwa Silvaplana huko Uswisi akajiwa na wazo kwamba kila kitu kitarudi kama kilivyo, mara zisizo na kikomo, na akaona humo mzigo mzito kuliko yote: je, unaiweza siku yako kama itarudi milele? Najua wengi limewaamsha. Mimi naona ameutafutia uzito mahali pasipo. Kama siku haina uzito mara ya kwanza, kuikariri mara elfu hakuipi. Na kama ina uzito, mara moja inatosha.

Mwaka 1907 Georg Simmel alimjibu kwa mfano ambao baba yangu angeupenda. Chukua magurudumu matatu yaliyo sawa, yapangwe kwenye ekseli moja, kila moja litiwe alama ukingoni, na alama zote zilingane. La pili lizunguke kasi maradufu ya la kwanza. La tatu lizunguke kwa kasi ya la kwanza ikigawanywa kwa pai, ile namba ya duara isiyokwisha desimali. Zungusha upendavyo, milele: alama tatu hazitalingana tena kamwe. Vitu vitatu tu, mwendo usiobadilika, na hakuna kurudi. Katika saa mambo ni tofauti, kwa sababu magurudumu ya saa yana meno na meno yanahesabika. Baba alikuwa akituuliza sisi watoto: mshale mkubwa unampita mdogo mara ngapi katika saa 12? Sote tulipiga kelele, "Kumi na mbili!" Ni 11. Tulihesabu kwa kuzungusha kichwa cha saa kwa vidole, tukabishana, tukahesabu tena. Mishale hurudi ilipokuwa kwa sababu fundi ameamuru irudi. Lakini hata hapo, saa iliyorudi kwenye saa kumi na mbili si ile iliyoondoka. Kamani imelegea kidogo, mafuta yamepungua chembe isiyoonekana. Ndiyo maana mafundi wanakula.

Swali la mtoto lilikuwa kama inawezekana, na nilimpa jibu lake asubuhi yake. Mwaka 1949 Kurt Gödel, rafiki wa Einstein huko Princeton, alionyesha kwamba milinganyo ya Einstein inaruhusu ulimwengu unaozunguka mzima mzima, na ndani yake msafiri mwenye kasi kubwa, angalau asilimia 71 ya kasi ya mwanga, anaweza kuifuata njia inayomrudisha kwenye wakati alioutoka. Ulimwengu wetu haupo hivyo. Lakini tazama, nilimwambia, nikachora duara kwa chaki kwenye sakafu ya ukumbi: njia iliyofunga namna hiyo haina "tena". Nukta hii ya duara ipo mara moja tu. Kidole changu kikiipitia mara ya pili, mara ya pili hiyo ni ya kidole, haimo katika duara. Anayerudi akawa yule yule, mahali pale pale, wakati ule ule, hajarudi. Yupo tu, mara moja, kama sisi wengine.

Ibn Sina, aliyefariki 1037, alilisema jambo la jirani na hilo kwa mantiki tupu. Alikataa kwamba kitu kilichotoweka kinaweza kurudishwa kikawa kile kile hasa, kwa hoja kwamba itabidi hata wakati wake urudishwe pamoja nacho. Na wakati wake ukirudi, kitakuwa si kilichorudishwa, kitakuwa cha mwanzo. Wanateolojia wa Kiislamu walimpinga, maana walikuwa na ufufuo wa kuutetea, na mimi katika ufufuo nipo pamoja nao bila wasiwasi. Lakini katika habari ya siku namwamini Ibn Sina. Mungu atatufufua sisi. Jumapili ile hatairudisha. Atatuonyesha.

Hapo ndipo neno letu wenyewe liliponisaidia kuliko vitabu. Mkenya John Mbiti, katika kitabu chake cha 1969 juu ya dini na falsafa za Kiafrika, aliyachukua maneno mawili ya Kiswahili, sasa na zamani, akayafanya nguzo za maelezo yake: mambo huishi katika sasa, kisha husogea nyuma mpaka yakazama katika zamani, inayopokea kila kitu. Alipingwa sana aliposema kwamba Mwafrika wa jadi hana wakati ujao wa mbali, na kwa hilo mimi pia namkatalia. Aliyejaza saa ya mtu miaka kumi na tisa alikuwa anamngoja mtu aje. Lakini kuhusu zamani aliona sawa. Zamani si mahali pa kufutia. Ni ghala, na kilichoingia humo kimekaa.

Ghala ya baba ilikuwa madaftari. Tulipomaliza arobaini yake, mwaka 1998, mama alinipa meza, vibano, bisibisi ndogo, Roamer, na rundo la madaftari ya shule yaliyofungwa kwa uzi. Sikuyafungua. Nilijaza saa tu, kila alfajiri, na nikaliacha rundo juu ya kabati. Nililishusha Ramadhani iliyopita, usiku wa tatu baada ya filamu, kwa sababu ya zile siku 17.4. Nilikuwa nimekumbuka kwamba baba alikuwa na kituo chake cha nje.

Kilikuwa redio. Kila siku ilipotoa milio yake ya kutimia saa, baba alikuwa na Roamer mkononi, akatazama mshale wa sekunde, akaandika. Saa ile haikuwa kamili. Ilikuwa inachelewa kama sekunde ishirini kwa siku. Hakuirekebisha kila siku. Aliiacha ikusanye kuchelewa kwake, na Ijumaa, siku ambayo mwenye saa aliahidi kuja, aliilinganisha upya. Basi kurasa zote zinakwenda namna moja: Ijumaa sifuri, Jumamosi nyuma 20, Jumapili nyuma 41, Jumatatu nyuma dakika 1 na sekunde 2, mpaka Ijumaa tena. Miaka kumi na tisa ya hesabu hiyo kwa penseli. Mtu asiyejua angesema ni ukurasa mmoja ulionakiliwa mara elfu. Mimi nilizisoma kurasa mbili nzima kabla sijagundua kwamba hakuna mistari miwili inayofanana: 19, 22, 20, siku ya mvua 24.

Nililitafuta daftari la 1982. Jumamosi, nyuma 20. Jumapili amepiga kistari, kwa kuwa hakuwapo. Jumatatu imeandikwa: mbele dakika 3.

Saa inayochelewa haiwezi kuamka siku moja iko mbele dakika tatu. Nilikuwa nimeirekebisha kwa saa ya ukutani, na saa ya ukutani mama aliiweka mbele makusudi ili tusichelewe shule. Baba alilijua jambo hilo vizuri. Ndiye aliyekuwa akimnung'unikia. Alijua kila kitu alasiri ile ile, redio ilipolia. Alijua aliponiuliza, au alijua muda mfupi baadaye, mimi nikiwa bado nimesimama hapo mlangoni na uongo wangu. Pembeni mwa mstari, kwa mwandiko wake wa kulala, ameandika maneno mawili: Ilisimama. Imeamshwa.

Hakuandika nani. Hakuniambia kamwe. Siku iliyofuata mstari unaendelea, nyuma 21 kutoka pale, kama kawaida, na Ijumaa sifuri.

Nilikaa na daftari lile mpaka adhana ya alfajiri na daku likanipita. Kwa miaka zaidi ya arobaini nilikuwa nimejiweka katika nafasi ya Phil: mtu pekee anayejua. Nilidhani siku ile imebaki kwangu peke yangu, na ndiyo maana nilitaka nirudishwe, nikaitengeneze kwa siri kama nilivyoiharibu kwa siri. Kumbe haikuwa yangu peke yangu. Ilikuwa imeandikwa kwa penseli, ina tarehe, ipo juu ya kabati, na mtu niliyemkosea aliiona, akaiweka mahali pake kati ya Jumapili na Jumanne bila kuipangusa na bila kunihukumu. Ningerudi na kuijaza saa ile, ningeupoteza mstari huo wa Jumatatu. Ningempoteza baba yangu wa mstari huo.

Aliyekufa hatakwi radhi kwa mdomo. Maalimu ninayemwendea aliniambia nimwombee dua, nimtolee sadaka, na amana niliyoichezea niichunge. Nilimuuliza kuhusu yule mwenye saa, ambaye naye nilimkosea, na ambaye kama yu hai ni mzee sana. Akasema naye nimwombee, na nisiiuze.

Baada ya Idi nilinunua daftari jipya, la kurasa 96, maana la baba la mwisho lilikuwa limejaa nusu na sikutaka kuandika chini ya mkono wake. Redio sina, nalinganisha na simu. Nalinganisha upya siku za Ijumaa. Mtoto wa kaka yangu akiwa nyumbani huniuliza namba kabla sijaiandika, na tumeona kwamba saa imezeeka, sasa inachelewa zaidi, na inataka kuoshwa. Nimempelekea fundi mmoja wa Chumbageni aitazame nikiwa nimekaa pale pale.

Leo ni Jumanne. Nimeijaza. Nyuma dakika 2 na sekunde 7.